Chuo cha umma au chuo binafsi? Uliza kwanza kinaishi kwa fedha za nani

Wazazi wengi wanapomtafutia mtoto chuo hupima mambo matatu: ada, jina la chuo na umbali kutoka nyumbani. Swali la nne huulizwa mara chache, ilhali ndilo linaloamua kama kijana atamaliza kwa wakati, kama kozi aliyoianza itakuwapo akifika mwaka wa tatu, na kama mhadhiri wake atakuwa darasani au barabarani kwenye mgomo, filimbi mdomoni. Chuo hiki kinaishi kwa fedha za nani?

Ninalinganisha vyuo vikuu vya umma na vya binafsi nchini Tanzania na Kenya. Msimamo wangu nauweka wazi mapema: mpaka halisi kati ya hivi viwili si ule ulioandikwa getini. Kuna vyuo vya umma vilivyoendeshwa kama maduka kwa karibu miaka ishirini. Kuna vyuo binafsi ambavyo Hazina ikichelewa kutoa fedha, na vyenyewe vinashindwa kulipa mishahara. Ukishajua mlipaji mkuu ni nani, utajua pia chuo kitayumba lini na kwa sababu gani, na hapo ndipo unapoweza kuchagua hatari unayoweza kuibeba.

Anayelipa ana haki ya kudai

Kizazi cha kwanza cha Mlimani, yaani Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, hakikulipa ada. Serikali ilibeba kila kitu na ikajiona ina haki ya kudai kila kitu. Oktoba 1966, wanafunzi walipoandamana kupinga masharti ya kujiunga na Jeshi la Kujenga Taifa, Mwalimu Nyerere aliwarudisha makwao karibu 400 kati yao, na kwa kuwa hoja ya mishahara minono ya wakubwa ilikuwa imetajwa, akapunguza mishahara hiyo, wake ukiwa wa kwanza. Wengi wao walirudishwa masomoni baadaye. Lakini mkataba wa chuo cha umma ulionekana siku ile bila pazia: unasomeshwa na taifa, basi taifa, kwa maana ya walio madarakani, linaweza kukugeuzia maneno wakati wowote.

Miaka ya 1980 fedha zikaisha. Madeni yalipanda, masharti ya mikopo ya nje yakabana, na Benki ya Dunia ikawa inazihubiria serikali za Afrika kwamba shilingi ya umma ina faida zaidi ikiwekwa shule ya msingi kuliko chuo kikuu. Ukaja uchangiaji wa gharama. Kenya ilianza kutoza ada ya masomo vyuoni mwanzoni mwa miaka ya 1990 na ikaunda bodi yake ya mikopo, HELB, mwaka 1995. Tanzania ilirekebisha sheria ya elimu mwaka huohuo wa 1995 na kuruhusu vyuo vikuu binafsi. Makanisa ndiyo yaliyochangamka mapema: Tumaini ya Walutheri, kisha SAUT ya maaskofu Wakatoliki pale Mwanza mwaka 1998. Waislamu walipata chuo chao Morogoro katikati ya miaka ya 2000, kwenye majengo yaliyokuwa ya TANESCO, shirika la umeme.

Kenya ilikuwa imetangulia. USIU ilikuwapo Nairobi tangu 1969, na Baraton ilipata hati yake mwaka 1991. Hivyo mkataba wa pili ukawa nao umekamilika: wewe ni mteja, unalipa, unahudumiwa. Ukiacha kulipa, hufanyi mtihani.

Ada: nafuu ya umma ina bei yake

Kwa ada tupu hakuna ubishi, chuo cha umma ni nafuu. Sababu si kwamba kufundisha kunagharimu kidogo huko. Bei inapangwa na wanasiasa, na hakuna mwanasiasa anayependa kuingia kwenye uchaguzi akiwa amepandisha karo.

Tazama Kenya. Mwanafunzi aliyepelekwa chuo cha umma na serikali alitozwa ada ya masomo ya shilingi 16,000 kwa mwaka, na kiwango hicho kiliganda kwa zaidi ya miaka ishirini, unga na mafuta vikipanda mara kadhaa. Wakuu wa vyuo walipopendekeza mwaka 2020 na 2021 kipandishwe hadi 48,000, kelele zilikuwa nyingi kuliko hoja, na pendekezo likafa. Mzazi alishangilia. Aliyelipia ushangiliaji huo ni mwanafunzi: kumbi zilizofurika, maabara zenye vifaa vya enzi ya Moi, na vyuo vilivyokata kodi na pensheni za wafanyakazi wake bila kuzifikisha zinakotakiwa. Rahisi ghali, wahenga walishasema.

Kwenye chuo binafsi ada iko karibu zaidi na gharama halisi, na ndiyo maana inaumiza. Angalia zaidi ya mstari wa kwanza. Chini yake kuna usajili, kitambulisho, bima ya afya, mitihani, chama cha wanafunzi, ada ya udhibiti ubora ya TCU (Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania), mafunzo kwa vitendo, joho na mahafali. Omba muundo wa ada wa miaka yote ya kozi, kwa maandishi, na uliza kama ada ya mwaka wa kwanza ndiyo itakayobaki hadi wa mwisho. Chuo kinachojiamini hukujibu. Kinachokuambia "hayo tutaongea mzee, lete mtoto kwanza" kimeshakujibu pia.

Kenya: soko lililojengwa ndani ya chuo cha umma, kisha likabomolewa na waziri

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu sijaona mfano bora wa siasa na soko vikiviringishana.

Makerere ilianza kupokea wanafunzi wa kujilipia mwaka 1992. Chuo Kikuu cha Nairobi kikafuata mwaka 1998 na mfumo uliojulikana kama Module II. Nafasi za serikali zilikuwa chache. Maelfu waliopata C+, alama ya chini ya kuingia chuo kikuu, na zaidi walibaki nje. Chuo kikawaambia: lipeni bei kamili, mje jioni au hata mchana. Fedha ziliingia kama mvua ya masika. Wahadhiri walilipwa ziada kwa vipindi vya jioni, vyuo vikapanga maghorofa katikati ya miji na kuyaita kampasi, na kozi zikazaliwa kufuata kinachouzika. Wizara ya fedha nayo ikaona afueni, maana chuo kinachojitafutia hakihitaji kuongezewa ruzuku.

Siasa ikachochea zaidi. Mwanzoni mwa 2013, kipindi cha uchaguzi mkuu wa Machi, Rais Kibaki alitoa hati za vyuo vikuu kamili kwa vyuo vishiriki zaidi ya kumi. Kila eneo lilitaka chuo kikuu chake, na kikipatikana, mbunge anacho cha kusimulia. Vyuo vikaongezeka kwa kasi ambayo walimu wenye shahada za uzamivu hawakuweza kuifikia.

Kisha Fred Matiang'i akawa waziri wa elimu, Desemba 2015. Akafunga mianya ya wizi wa mtihani wa kumaliza sekondari, KCSE. Waliopata C+ na kuendelea mwaka 2015 walikuwa takriban 169,000. Mwaka 2016 takriban 89,000. Mwaka 2017 takriban 70,000. Nafasi za serikali zikatosha wote waliofuzu. Na juu ya hilo, kuanzia 2016 serikali ilianza kupeleka baadhi ya wanafunzi wake kwenye vyuo binafsi na kuahidi kuwalipia.

Module II ilikosa wateja ndani ya misimu miwili. Kampasi za mijini zikafungwa moja baada ya nyingine, na chuo kilichozoea fedha za jioni kikabaki na mishahara na madeni ya mchana. Hakuna aliyepitisha sheria ya kuua mfumo ule. Mtihani ulisimamiwa vizuri tu, basi.

Vyuo binafsi navyo vilipata wanafunzi wa serikali kwa wingi, wakafurahi, halafu wakaanza kusubiri malipo. Serikali ikawa mdaiwa wao mkubwa. Mei 2023 Rais Ruto akatangaza mfumo mpya: badala ya ruzuku kwa chuo, kila mwanafunzi apimwe uwezo wa familia, apewe ufadhili na mkopo, na kilichobaki alipe mzazi. Familia zenye hali ngumu kabisa ziliwekwa kulipa asilimia 5 ya gharama. Daraja la juu, asilimia 40. Ufadhili ukabakizwa kwa vyuo vya umma, na anayechagua chuo binafsi akabaki na mkopo tu. Vyuo vilivyokuwa vimeajiri na kujenga kwa kutegemea wanafunzi wa serikali vikapoteza mteja kwa tangazo moja. Malalamiko kuhusu upangaji wa madaraja yakafika mahakamani, na Desemba 2024 Mahakama Kuu ikautamka mfumo huo kuwa kinyume cha Katiba. Kesi ikapanda rufaa.

Mzazi wa Kenya anayechagua chuo leo asome historia hiyo kama taarifa ya hali ya hewa. Shahada ni miaka minne au zaidi. Katika miaka minne sera inaweza kugeuka mara mbili.

Tanzania: Bodi ya Mikopo ndiyo soko lenyewe

Tanzania ilichukua njia nyingine. Sheria ya Bodi ya Mikopo ni ya mwaka 2004, kazi ikaanza 2005, na tangu hapo mwanafunzi wa chuo binafsi anaweza kukopeshwa sawa na wa umma. Kwa haki ya mtoto wa maskini, naona mpango huu umeishinda Kenya ya sasa. Lakini umezaa jambo ambalo kipeperushi cha chuo hakitakuambia: sehemu kubwa ya vyuo binafsi nchini, kwa jinsi vinavyoishi, ni vya serikali kwa mlango wa nyuma. Bumu, yaani posho ya kujikimu, likichelewa, mwanafunzi analala njaa. Malipo ya ada ya Bodi yakichelewa, mhasibu wa chuo naye anaumwa kichwa.

Mfano wa walimu unatosha. Mwaka 2004 serikali ilianza mpango wa maendeleo ya elimu ya sekondari, shule za kata zikaota kila mahali, na walimu hawakuwapo. Ualimu ukawekwa kwenye kozi za kipaumbele cha mkopo. Ajira ilikuwa ya moja kwa moja: unamaliza, unasubiri orodha, unapangiwa kituo. Vyuo binafsi vikasoma alama za nyakati na kujaza madarasa ya shahada ya ualimu, hasa ya sanaa, maana kozi ya Historia na Kiswahili haihitaji maabara. Inahitaji ukumbi, ubao na kipaza sauti. Baada ya 2015 serikali ikasimamisha ajira hizo za mkupuo ili kuhakiki watumishi hewa na vyeti, na zilipofunguliwa tena hazikurudi kama zamani. Waliopendelewa kwanza ni wa sayansi na hisabati. Walimu wa sanaa walibaki mtaani kwa miaka, wenye mkopo mgongoni. Chuo hakikuwadanganya kisheria. Kiliwauzia bidhaa ambayo mnunuzi pekee wa mwisho alikuwa serikali, na serikali ikaacha kununua.

Mwaka 2016 ukawa mgumu kwa pande zote. TCU ilifuta kampasi za Chuo Kikuu cha Mtakatifu Yosefu za Songea na Arusha, wanafunzi wakahamishiwa vyuo vingine. Mei mwaka huo wanafunzi zaidi ya 7,000 wa stashahada maalumu ya ualimu wa sayansi walirudishwa nyumbani kutoka Chuo Kikuu cha Dodoma (UDOM), chuo cha umma kabisa, kwa amri ya kuondoka ndani ya muda mfupi. Baadaye baadhi wakapelekwa vyuo vya ualimu. Julai 2017 TCU ikavizuia vyuo 19 kudahili wanafunzi wapya na ikasimamisha kozi 75 kwenye vyuo vingine 22. Mwenye kusema "umma ni salama" au "binafsi ndiyo hufungwa" atazame miaka hiyo miwili tena.

Marejesho nayo hubadilishwa na upepo uleule. Mwaka 2016 makato ya mwajiriwa yalipanda hadi asilimia 15 ya mshahara, na kulikuwa na tozo ya asilimia 6 kwa mwaka ya kulinda thamani ya deni. Mwaka 2021 tozo hiyo ikafutwa. Mwaka 2022 bumu likapanda kutoka shilingi 8,500 hadi 10,000 kwa siku. Ni mkopo uleule na Bodi ileile. Aliyebadilika ni rais. Ukikopa leo, chukulia kwamba masharti utakayoyalipia yataandikwa na bunge ambalo halijachaguliwa bado.

Jambo jingine linalowagharimu wa vyuo binafsi: kiasi cha ada ambacho Bodi inakopesha kina ukomo, na mara nyingi hakifiki ada ya chuo. Pengo linamwangukia mzazi. Wengi huligundua Novemba, godoro likiwa limeshanunuliwa na gheto limeshalipiwa miezi sita.

Kozi zipi zinafundishwa wapi, na kwa nini

Ukipanga orodha za kozi za vyuo binafsi utaona zinafanana: biashara, uhasibu, sheria, ualimu, utawala, tehama. Ni hesabu ya kawaida ya mfanyabiashara. Kozi hizi zina wateja wengi na gharama ndogo. Uhandisi wa mitambo, jiolojia, kilimo na mifugo vinahitaji karakana, mashamba na maabara ambazo ada haiwezi kuzijenga kwa miaka kumi. Ndiyo maana kilimo ukikitaka kwa dhati unaelekea Morogoro, SUA, au Egerton pale Njoro. Na uhandisi unaelekea Mlimani, Mbeya au JKUAT.

Udaktari ndio unaovunja kanuni hiyo, na sababu yake ni nzuri kuijua. Moshi kuna KCMC na Mwanza kuna Bugando, hospitali za rufaa zilizo chini ya makanisa, zilizofunguliwa mwaka 1971, miongo kadhaa kabla ya kuwa na shahada ya udaktari. Serikali inachangia mishahara ya wahudumu wake. Kwa hiyo chuo binafsi cha udaktari kilikuta wagonjwa, mabingwa na vitanda vimeshapatikana kwa fedha za kanisa, za wafadhili na za walipa kodi. Ukiniuliza kati ya chuo binafsi chenye hospitali ya namna hiyo na chuo kinachopeleka wanafunzi hospitali ya mkoa kwa makubaliano, sitafikiri mara mbili, hata kama cha pili kina majengo yanayong'aa.

Upande wa umma kozi mpya hufuata ilani na wafadhili kuliko wateja. UDOM ilianzishwa 2007 Dodoma, makao makuu, ikilenga wanafunzi 40,000. Tangu 2021 mradi wa HEET, wenye dola milioni 425 za Benki ya Dunia, unajenga kampasi kwenye mikoa isiyokuwa na chuo: Mlimani imepelekwa Kagera na Lindi, Muhimbili imepelekwa Kigoma. Ni habari njema kwa mikoa hiyo. Kwa mwanafunzi wa mwaka wa kwanza kwenye kampasi mpya, hata hivyo, ukuta hutangulia mwalimu. Uliza nani anafundisha huko kwa kudumu na nani anapanda basi kutoka Dar mara moja kwa mwezi kumaliza muhula mzima kwa siku tano.

Kalenda

Hapa tofauti ni kali zaidi kwa upande wa Kenya. Septemba 2025 wahadhiri wa vyuo vya umma waligoma, na mgomo ukadumu siku 49, wakidai zaidi ya shilingi bilioni 7 za makubaliano ya mishahara ya miaka ya 2017 hadi 2021. Wenzao wa vyuo binafsi vya Strathmore na USIU waliendelea na masomo. Mzazi anayelipa kodi ya chumba Juja au Njoro, mtoto akiwa amelala tu, aiweke gharama hiyo kwenye hesabu ya "ada nafuu". Mwaka mmoja ukipotea, unafuu wa miaka mitatu unaweza kumezwa.

Tanzania migomo ya wahadhiri ni michache. Tatizo la huku ni jingine: madarasa ya watu mia kadhaa, na mhadhiri mmoja anayefundisha umma asubuhi na binafsi jioni. Huyo wa jioni ni yuleyule uliyemkimbia asubuhi, tena amechoka. Vyuo binafsi vingi vidogo vinaishi kwa wahadhiri wa muda. Nisingekatalia chuo kwa sababu hiyo peke yake, ila ningetaka kujua idadi ya wa kudumu kwenye idara ya kozi yangu. Jina la makamu mkuu wa chuo na picha yake kwenye bango havinisaidii.

Cheti kutambuliwa

Kwa kifupi: ithibati ya TCU, au ya CUE, tume ya vyuo vikuu ya Kenya, haitoshi kwa kozi za taaluma. Mwaka 2015 Baraza la Elimu ya Sheria la Kenya liliamuru shule ya sheria ya Chuo Kikuu cha Moi ifungwe, na kabla ya hapo wahitimu wa uhandisi wa baadhi ya vyuo vya umma walikataliwa usajili na bodi ya wahandisi. Vyote hivyo ni vyuo vya umma. Ukisomea sheria, uhandisi, udaktari, uuguzi au famasia, nenda kwenye baraza la taaluma husika uone kama kozi hiyo, kwenye kampasi hiyo, imo kwenye orodha yao. Msimbo wa kozi, si jina la chuo tu.

Nani aende wapi

Familia isiyo na fedha za kuziba pengo: chuo cha umma, hata kama si cha ndoto. Kwa Kenya hili halina mjadala maadamu ufadhili umefungiwa huko. Kwa Tanzania kuna nafasi ya kufikiri, lakini kama umetegemea mkopo asilimia mia, usithibitishe chuo binafsi kabla orodha ya Bodi haijatoka, au uwe na mjomba aliyekuahidi mbele ya mashahidi.

Aliyepata ufaulu mzuri kwenye michepuo ya sayansi ya kidato cha sita Tanzania (PCM, PCB au CBG): umma kwanza, na ufadhili wa Samia kwa waliofanya vizuri sana kwenye sayansi uuzingatie. Kwa udaktari, weka vyuo vya hospitali za rufaa za makanisa kwenye ngazi moja na vya umma.

Mwenye uwezo wa kulipa kwa uhakika na anayetaka biashara, fedha au tehama: chuo binafsi kikongwe kinaweza kuwa bora kuliko umma, hasa Kenya. Madarasa ni madogo, kalenda haiyumbi, na waajiri wanawajua wahitimu wake. Nimesema kikongwe kwa makusudi. Chuo chenye miaka zaidi ya ishirini kimeshapita 2016 na 2017 na kingali hai.

Anayefanya kazi na anataka kusoma jioni: huyu ndiye mteja ambaye kila upande unamtaka. Chuo Kikuu Huria cha Tanzania kilianzishwa kwa ajili yake mwaka 1992, na bado ni jibu zuri kwa mwenye nidhamu. Kampasi ya mjini ya chuo cha umma ni sawa, mradi ujue kwamba hapo umekuwa mteja kama kwenye chuo binafsi. Wakipungua wenzako, kampasi inafungwa.

Anayetaka ualimu wa sanaa, iwe umma au binafsi: chagua kwa ada iliyo ndogo kabisa. Mnunuzi ni mmoja, na hana haraka.

Chuo ninachokiogopa kuliko vyote ni kile cha binafsi, kichanga, chenye kozi moja kubwa inayobeba chuo kizima, na wanafunzi wengi wanaolipiwa na Bodi. Kinabeba hatari za pande zote mbili bila mtaji wa upande wowote. Utakitambua kwa kuuliza swali moja kwenye meza yao, tuseme kwenye maonesho ya elimu ya juu pale Mnazi Mmoja kila Julai: "Kati ya wanafunzi wenu, wangapi wanajilipia?" Afisa udahili akitaja namba bila kupepesa, kaa chini mzungumze. Akikupa kalamu na fulana, pokea fulana, usogee meza inayofuata.

Dirisha la udahili Tanzania lina awamu, na aliyechaguliwa vyuo zaidi ya kimoja anathibitisha kimoja kwa msimbo anaotumiwa kwenye simu. Wapo wanaothibitisha usiku uleule kwa furaha, mara nyingine kwa simu ya wakala wa chuo "aliyewasaidia" kuomba. Simu na msimbo vibaki mkononi mwa kijana mwenyewe, na kabla ya kuubonyeza awe ameona kwa macho yake muundo wa ada wa miaka yote na orodha ya baraza la taaluma yake.